Maswali na Majibu: Edmond Dantès na Wasaliti Wake

Tangu safu hii iitaje riwaya ya Mfaransa Alexandre Dumas, Le Comte de Monte-Cristo, maswali hayajakatika. Wengine mliisoma zamani, wengine mmeona filamu tu, na wengine mnauliza kwa nini watu wazima wanagombana juu ya kitabu cha karne ya 19. Yaliyofanana nimeyaunganisha.

Kwa asiyekijua, kisa ni hiki. Februari 1815 meli iitwayo Pharaon inaingia Marseille ikiongozwa na Edmond Dantès, kijana wa miaka 19, kwa kuwa nahodha wake amefia safarini. Yuko mbioni kupewa unahodha na kumwoa Mercédès. Danglars, karani wa meli, anakitaka cheo. Fernand, mvuvi, anamtaka msichana. Inaandikwa barua isiyo na jina, Dantès anakamatwa akiwa kwenye karamu ya uchumba wake, na bila kesi yoyote anafungwa katika ngome ya Château d'If kwa miaka 14. Humo padri mzee, Faria, anamsomesha na kumwachia siri ya hazina iliyofukiwa katika kisiwa cha Monte Cristo. Anatoroka, anaipata, na miaka tisa baadaye anatokea Paris akiwa tajiri asiyejulikana alikotoka, mwenye cheo cha kikabaila: Konti wa Monte Cristo. Waliomwangamiza sasa ni vigogo wa nchi.

Majibu yanafichua mwisho wa kitabu. Anayetaka kukisoma kwanza, akisome kwanza.

Hapa kijiweni tunabishana nani mbaya kuliko wote. Wengi wanasema Fernand. Wewe je? (Msomaji, Tanga)

Fernand anaudhi kwa sababu alikula na kunywa na mtu aliyemuuza. Lakini kura yangu ni ya Villefort, naibu mwendesha mashtaka wa Marseille, na sababu mtaiona mkiifuata ile barua mkono kwa mkono.

Danglars anaiandika kwa mkono wa kushoto ili mwandiko usijulikane. Kisha anaikunjakunja na kuitupa pembeni, eti ulikuwa mzaha, huku akijua Fernand hataiacha pale. Fernand anaiokota na kuituma. Caderousse, mshona nguo na jirani wa baba yake Dantès, yupo mezani amelewa. Pombe ikimtoka anaelewa kilichotendeka, anataka kusema, Danglars anamtisha kidogo, basi kimya. Hao ni watu watatu na chupa za mvinyo. Bandari gani haina watu wa namna hiyo?

Mambo yanageuka barua inapofika kwa naibu mwendesha mashtaka. Wakati huo Napoleon, aliyekuwa kaizari wa Ufaransa, alikuwa amehamishiwa kisiwa cha Elba na mfalme Louis XVIII amerudishwa kwenye kiti. Dantès alikuwa amepita Elba kutimiza wosia wa nahodha wake, na huko akakabidhiwa barua ya kupeleka Paris. Yaliyomo hakuyajua. Villefort anamhoji, anaona wazi kwamba kijana hana hatia, na yuko karibu kumwachia aende akaoe. Ndipo anapouliza barua ilikuwa ya nani. Anajibiwa: ya bwana Noirtier. Noirtier ni baba mzazi wa Villefort, mfuasi wa Napoleon, na mwana amehangaika kuuficha ukoo wake ili apande cheo na aoe binti wa watukufu. Anaichoma barua mbele ya Dantès. Maskini Dantès anamshukuru, akidhani ushahidi dhidi yake umeteketea! Usiku uleule anapandishwa boti kwenda Château d'If.

Wengi mmesahau kipande kinachofuata, nami nakiona kibaya kuliko kile cha moto. Napoleon anatoroka Elba, anatua Ufaransa Machi 1, na Machi 20 yuko Paris. Morrel, mwenye meli, anamkimbilia Villefort: utawala umegeuka, kijana wangu afunguliwe. Villefort anakubali kwa tabasamu na kumsaidia kuandika ombi, humo wakimpamba Dantès kuwa mtumishi shupavu wa Napoleon. Ombi halitumwi. Villefort analiweka. Juni 18 Napoleon anashindwa Waterloo, mfalme anarudi, na karatasi iliyokusudiwa kumwokoa kijana sasa ni ushahidi kwamba anastahili kuozea gerezani. Miaka mingi baadaye Dantès analikuta kwenye kumbukumbu za gereza, pamoja na maelezo kuwa yeye ni mfuasi sugu aliyeshiriki kumrudisha Napoleon kutoka Elba, awekwe peke yake chini ya ulinzi mkali. Mtu ambaye alikuwa tayari selo Napoleon alipokanyaga pwani! Chini yake mkaguzi wa magereza ameandika kwamba hakuna la kufanya.

Barua ya fitina ilihitaji ofisi ya kuipokea. Bila Villefort ingebaki kuwa karatasi iliyoandikwa vibaya.

Nimeona filamu ya Kimarekani ya 2002. Nikisoma kitabu nitapata kipya? (Msomaji, Nairobi)

Utapata karibu kila kitu. Filamu ile inamfanya Albert, mtoto wa Mercédès, kuwa mwana wa Edmond. Inampa Edmond pambano la upanga na Fernand, na mwishoni inawarudisha pamoja wapenzi. Kitabuni Albert ni mwana wa Fernand, damu na jina, na ndiyo maana yanayompata yanauma.

Upanga kwa Fernand hautumiki kabisa. Mvuvi yule alijiunga na jeshi akapanda hadi kuwa jenerali na mjumbe wa Baraza la Juu. Njiani alimtumikia Ali Pasha wa Janina, mtawala halisi wa historia aliyeuawa mwaka 1822, na riwaya inasema yeye ndiye aliyemuuza kwa Waturuki, kisha akawauza utumwani mke na binti wa bwana wake. Konti anachofanya ni kulifikisha jambo hilo gazetini, halafu binti mwenyewe, Haydée, anaingia barazani na kutoa ushahidi mbele ya wajumbe wote. Fernand anapomfuata Konti kudai pambano, Konti anaingia chumba cha pili na kutoka amevaa nguo za ubaharia za ujana wake. Fernand anamtambua na kukimbia. Anafika nyumbani wakati mkewe na mwanawe wanaondoka, na hapo anajipiga risasi.

Angalieni kwamba Konti hakumzulia Fernand kosa lolote. Ndivyo anavyowafanyia wote: anatafuta walichokifukia wenyewe, anakifukua, anakaa pembeni. Waandishi wa filamu wanaona mtu wa namna hiyo hapendezi machoni, wanampa upanga.

Ni kweli Dumas alikuwa na asili ya Kiafrika? Na kama ni kweli, mbona shujaa wake anamiliki mtumwa mweusi bubu? (Mwalimu, Kisumu)

Mwalimu, umegusa penyewe. Ni kweli. Bibi yake mzaa baba, Marie-Cessette Dumas, alikuwa mtumwa mwenye asili ya Afrika katika koloni la Saint-Domingue, Haiti ya leo. Babu yake alikuwa mkabaila wa Kifaransa. Mtoto wao, Thomas-Alexandre, alizaliwa mwaka 1762, na babu huyo alipotaka kurudi kwao alimweka mwanawe rehani ili apate nauli, akaja kumkomboa baadaye. Kijana alifika Ufaransa mwaka 1776. Miaka kumi mbele akaingia jeshini kama askari wa kawaida, kwa jina la mama yake. Mapinduzi ya Ufaransa yalipofungua milango alipanda kwa kasi, na mwaka 1793 alikuwa jenerali anayeongoza majeshi.

Alikwenda Misri na Napoleon, wakakosana. Mwaka 1799, akiwa njiani kurudi, meli ilikuwa inavuja, wakalazimika kuingia Taranto, kusini mwa Italia, akawekwa kizuizini kwa takriban miaka miwili. Alitoka mwaka 1801 akiwa amevunjika afya, akiamini alitiliwa sumu. Serikali ya Napoleon ilimtupa, akafa mwaka 1806 mwanawe akiwa na umri wa miaka mitatu, na mjane hakupata pensheni. Sasa rudini kwenye riwaya: mtu asiye na kosa, gereza lililozungukwa na bahari, sumu, baba anayekufa fukara, na jina la Napoleon linaloharibu maisha ya watu wasiomjua. Sioni haja ya kueleza zaidi ilikotoka hasira ya kitabu hiki.

Kuhusu Ali, Mnubi aliyekatwa ulimi. Konti mwenyewe anaisimulia habari yake mezani, tena kwa utani. Bey, yaani mtawala, wa Tunis alimhukumu Ali akatwe ulimi siku ya kwanza, mkono siku ya pili, kichwa siku ya tatu. Konti, kwa kuwa alikuwa anatamani mtumishi bubu, alisubiri ulimi ukatwe ndipo akaenda kumnunua, kwa bunduki na kisu kikubwa cha Kiingereza. Kuna wanaosema ni mapambo ya Mashariki yaliyopendwa na wasomaji wa Paris, na hilo ni kweli kwa sehemu. Lakini hadithi inatoka kinywani mwa mtu ambaye yeye mwenyewe alizibwa mdomo miaka 14, na hajioni. Nadhani Dumas alitaka tushtuke kidogo. Kidogo tu, angetaka zaidi, Ali angepewa mengi ya kufanya kuliko kurusha kamba na kukamata farasi waliokurupuka. Utumwa katika makoloni ya Ufaransa ulifutwa mwaka 1848, miaka miwili baada ya riwaya kukamilika.

Kama swali la rangi ndilo linalokukera, mwalimu, tafuta riwaya yake nyingine, Georges, ya 1843. Shujaa wake ni chotara wa Isle de France, yaani Mauritius, anayedharauliwa utotoni, anaondoka, anarudi amesoma na amejiandaa kulipiza, hadi kuongoza uasi wa watumwa. Kisiwa hicho si kigeni kwetu. Mwaka 1776, uleule ambao baba yake Dumas alifika Ufaransa, Mfaransa aitwaye Morice alifunga mkataba na Sultani wa Kilwa wa kuuziwa watumwa 1,000 kila mwaka, na biashara hiyo ililenga mashamba ya visiwa vya Wafaransa, Mauritius ikiwemo.

Kisa hiki kilitokea kweli? (Msomaji, Morogoro)

Kipo kisa kilichompa Dumas mbegu. Jacques Peuchet, aliyepata kuwa mtunza nyaraka za polisi wa Paris, aliacha kumbukumbu zilizochapishwa mwaka 1838 baada ya kifo chake. Ndani yake mna habari za François Picaud, fundi viatu aliyekuwa karibu kuoa mwaka 1807, rafiki zake wakamsingizia ujasusi wa Waingereza, akafungwa katika ngome ya Fenestrelle. Humo akamhudumia kasisi wa Kiitalia ambaye alimrithisha mali. Alitoka mwaka 1814 na kuanza kuwaua mmoja mmoja, mpaka naye akauawa. Wataalamu wanatilia shaka kama Picaud aliishi kweli au ni usanii wa Peuchet.

Picaud ana kisu na sumu basi. Kwake hakuna Haydée, na hakuna mtu anayeulizwa kama amefika mbali mno. Jina la kisiwa lilitoka kwingine: mwaka 1842 Dumas alikuwa Elba na kijana wa ukoo wa Bonaparte, yaani ukoo wa Napoleon, wakakizunguka kisiwa cha Montecristo kwa boti bila kutua, maana wangetua wangewekwa karantini. Akaahidi kukipa jina hilo kitabu atakachoandika.

Mimi ni mtu wa mahesabu. Namna Konti anavyomfilisi Danglars, inaingia akilini? (Msomaji, Dubai)

Inaingia, tena ndiyo sehemu niipendayo. Danglars sasa ni mwenye benki, na mkewe ana mpenzi serikalini anayempa habari kabla hazijatangazwa. Fedha yake nyingi inatokana na kujua mapema.

Enzi hizo habari za serikali zilipita kwa telegrafu ya minara: kila mnara una mikono ya mbao juu, mhudumu anatazama mnara wa nyuma kwa darubini na kuiga ishara ili mnara wa mbele uione. Mhudumu hajui maana ya anachopitisha. Konti anakwenda mnara wa Montlhéry, anamkuta mzee anayelipwa faranga 1,000 kwa mwaka, ambaye moyo wake wote uko kwenye bustani na matunda yake. Anampa faranga 25,000: sehemu anunue nyumba yenye shamba, sehemu imzalie kila mwaka kiasi kilekile cha mshahara wake. Mzee anapitisha ishara za uongo kwamba Don Carlos, anayedai kiti cha ufalme wa Uhispania, ametoroka na kuingia nchini humo. Habari inafika kwa Danglars kwa njia yake ya siri, anaziuza haraka hati za dhamana za Uhispania, anapoteza laki tano. Kesho yake gazeti linasema ilikuwa makosa, hati zinapanda kupita zilivyokuwa. Ukijumlisha hasara na faida aliyoikosa, ni milioni moja ndani ya siku mbili.

Dumas hakuiota ndotoni. Kati ya 1834 na 1836 ndugu mapacha François na Joseph Blanc, walanguzi wa hati huko Bordeaux, walimhonga mhudumu wa telegrafu mjini Tours achomeke alama ya kosa katika ujumbe wa serikali, alama ambayo wao Bordeaux walijua maana yake: soko la Paris limepanda au limeshuka. Walishitakiwa mwaka 1837, na walipona kwa kuwa hakukuwa na sheria iliyokataza walichofanya. Mwaka huohuo serikali ikatunga sheria ya kujipa ukiritimba wa telegrafu. François Blanc baadaye akawa bwana wa kasino ya Monte Carlo, ambayo haihusiani na Monte Cristo hata kidogo, ingawa nimeshaulizwa.

Zingatia, ndugu, kwamba mzee wa bustani hapati madhara yoyote. Anayeumia ni yule aliyezoea kula habari za wizi.

Mercédès aliwezaje kuolewa na Fernand? Sijamsamehe hadi leo. (Dada, Unguja)

Dada, punguza kidogo. Alisubiri mwaka mmoja na nusu. Alikwenda kwa Villefort kuuliza, akafukuzwa. Hakuwa na wazazi, na baba yake Edmond, aliyekuwa akimtunza, alikufa kwa kukataa kula. Fernand alirudi kutoka vitani, ndiye pekee aliyemjali, na Mercédès hakujua habari za barua. Kila mtu alimwambia Edmond amekufa.

Kisha yeye ndiye wa kwanza kumtambua Konti. Si wale wanaume waliomuuza, si Villefort aliyemhoji uso kwa uso. Mercédès anaijua sauti, na ananyamaza. Kuna sehemu msomaji wa pwani ataielewa bila kuelezwa: katika karamu nyumbani kwake anamwongoza Konti bustanini, anamchumia zabibu kwa mkono wake, Konti anakataa. Anamchumia tunda jingine, anakataa tena. Mercédès anamkumbusha ile mila ya Waarabu, kwamba waliokula mkate na chumvi chini ya paa moja ni marafiki wa milele. Konti anajibu kwamba anaijua, lakini sasa wako Ufaransa. Alikataa chumvi ya nyumba ile kwa sababu alikuja kuibomoa.

Albert anapomtaka Konti kwa pambano la bastola ili kulinda jina la baba yake, Mercédès anakwenda usiku na kumwita kwa jina lake: Edmond, usimuue mwanangu. Na Konti anakubali, akijua maana yake ni kusimama kesho yake na kupigwa risasi yeye. Mercédès hakunyamaza baada ya hapo. Alirudi kwa mwanawe akamweleza yote, na Albert akaomba radhi mbele ya watu uwanjani. Mama na mwana wanaiacha mali yote ya Fernand na kuondoka mikono mitupu. Albert anakwenda jeshini Algeria. Mercédès anarudi Marseille kwenye nyumba ndogo aliyokuwa akiishi baba yake Edmond, ambako Edmond alikuwa amefukia faranga 3,000 za harusi yao chini ya mtini. Ndizo anazokubali kupokea. Konti anaondoka na Haydée, na sitaficha: mwisho huo wa Haydée haunikai vizuri. Alimnunua akiwa mtoto.

Ustadhi wetu anasema kitabu hiki kinafundisha kisasi, vijana wasikisome. (Msomaji, Mombasa)

Mfikishie salamu, na umwombe afike sura ya kijana Édouard.

Villefort aliwahi kuzaa nje ya ndoa na mwanamke ambaye baadaye ni mke wa Danglars. Kichanga akakifukia bustanini kikiwa hai. Mtu aliyekuja kumchoma kisu Villefort usiku huohuo alikifukua, akakuta kinapumua. Kikakua, kikawa jambazi aitwaye Benedetto, na Konti akamvalisha mavazi ya mwanamfalme na kumtambulisha Paris. Siku ya kesi yake ya mauaji, Villefort akiwa mwendesha mashtaka, mshitakiwa anaulizwa jina la baba yake. Anamtaja anayemshitaki.

Hadi hapo msomaji anapiga makofi. Lakini mke wa Villefort amekuwa akiwatilia watu sumu ndani ya nyumba ile, na Konti ndiye aliyezungumza naye kirefu kuhusu sumu na dawa zake. Asubuhi kabla ya kesi mumewe amemwambia achague, ajiue au apelekwe kwenye kuchinjwa. Villefort anarudi kutoka mahakamani na aibu yake, anamkuta mke anakata roho, na amemuua pia mtoto wao mdogo, Édouard. Konti anafika kujitambulisha, Villefort anamshika mkono, anamwonyesha maiti mbili na kumuuliza kama sasa amelipiza vya kutosha. Konti anamkimbiza mtoto chumba kingine kujaribu kumrudishia uhai. Haiwezekani. Villefort anapatwa na wazimu, anachimba bustani akimtafuta mwanawe.

Tangu hapo Konti si yule tena. Anarudi Château d'If, ambayo si gereza tena, na mlinzi asiyemjua anamsimulia, kama wanavyosimuliwa wageni, habari za mfungwa aliyejiingiza kwenye gunia la maiti ya padri akatupwa baharini na tufe la mzinga miguuni. Anatoka na maandishi ya Faria mkononi na nguvu kidogo ya kuendelea. Anapomfikia Danglars, ambaye majambazi wa Roma wamemfungia pangoni na kumuuzia kuku mmoja kwa faranga laki moja mpaka zimebaki 50,000, anamjulisha jina lake, anamsamehe, anamwachia aende. Nywele za Danglars zimekuwa nyeupe.

Dumas hakuandika khutba. Lakini anayesema kitabu kinasifu kisasi moja kwa moja ameishia kati.

Kurasa zaidi ya 1,000! Naweza kuruka wapi? (Mwanafunzi, Dodoma)

Zile za Roma, za kanivali na majambazi, ndizo zinazowachosha wengi. Usiziruke, zipitie haraka: majambazi hao ndio watakaomkamata Danglars, na huko ndiko Albert anakonaswa kuwa mlango wa Konti kuingilia Paris. Tena humo Konti anajiita Sindbad Baharia, na sisi tuliolelewa na Alfu Lela Ulela tunastahili kucheka kidogo.

Urefu una sababu. Riwaya ilitoka vipande vipande katika gazeti la Journal des débats kuanzia Agosti 28, 1844 hadi Januari 15, 1846, na Dumas alilipwa kwa mstari. Ndiyo maana mazungumzo yana majibu mafupi mafupi kama mpira wa meza. Alisaidiwa na Auguste Maquet kupanga kisa. Dumas mwenyewe alieleza kwamba alitaka kuanzia Roma na kuyadokeza tu ya nyuma, Maquet ndiye aliyemwambia asiivuke Marseille na gereza. Fikiria tungekosa nini! Baadaye walifikishana mahakamani, na mwaka 1858 Maquet akapewa fedha, jina kwenye jalada akanyimwa.

Maswali ya haraka haraka

Msomaji wa Mombasa mwenye asili ya Goa anauliza kama padri Faria alikuwepo. Alikuwepo José Custódio de Faria, padri aliyezaliwa Goa mwaka 1756, aliyepata umaarufu Paris kwa kuwalaza watu usingizi kwa maneno, akafa mwaka 1819. Dumas aliazima jina, akamfanya Mwitalia. Kuchimba njia ya chini kwa chini ni kwa riwayani.

Wa Bukavu na Bujumbura mnaosoma Kifaransa: someni asili, haina hakimiliki tena na Kifaransa chake ni chepesi. Wa Kiingereza, epukeni nakala zilizofupishwa na ile tafsiri ya 1846 inayochapishwa tena na tena, iliyopunguza makali ya mambo mengi, hasa ya Eugénie, binti wa Danglars anayekataa ndoa na kutoroka na rafiki yake wa kike. Tafsiri ya Robin Buss ya 1996 imekamilika.

Sigara za Kuba zenye jina la Montecristo, ndiyo, zina uhusiano. Viwandani alikuwepo msomaji aliyewasomea wasokotaji vitabu kwa sauti wakiwa kazini, na riwaya hii waliipenda.

Na aliyeuliza kama kisiwa kinafikika: kipo Italia, kati ya visiwa vya Toscana, ni hifadhi ya asili, wageni wanaingia kwa kibali na kwa idadi ndogo. Château d'If ni rahisi zaidi. Boti zinaondoka bandari ya zamani ya Marseille, na ukifika utaonyeshwa selo ya Dantès na tundu linaloiunganisha na ya Faria.